Mungu Anayeamshwa Asubuhi: Kuielewa Ibada ya Mapenzi katika Uhindu

Katika Brihadaranyaka, mojawapo ya Upanishadi kongwe, yaani maandiko ya falsafa ya Uhindu, mtu aitwaye Shakalya anamkabili mwanazuoni Yajnavalkya barazani kwa mfalme na kumuuliza: miungu iko mingapi? Yajnavalkya anajibu kwamba iko 3,306. Sawa, anasema Shakalya, lakini hasa iko mingapi? Iko 33. Hasa hasa? Sita. Shakalya haachi. Mitatu. Miwili. Mmoja na nusu. Na hatimaye: mmoja.

Mazungumzo hayo yana umri wa miaka 2,500 hivi, na bado swali la Shakalya ndilo linalotutoka kwanza tunapopita mbele ya hekalu la Wahindu. Tuliolelewa na tauhidi ya chuoni au katekisimu ya kanisani tunalichukua kama hesabu yenye jibu moja. Yajnavalkya hakulichukua hivyo. Alipotoka 33 akaenda sita hakufuta la kwanza, na mwulizaji wake alisema "sawa" kwa kila jibu. Wahindu wengi hadi leo wanaishi na majibu hayo yote kwa pamoja: Mungu ni mmoja, na sura zake hazihesabiki. Anayetaka wachague moja kati ya hayo mawili atachoka kabla hajaanza.

Tutenganishe kwanza watu wanaochanganywa kila siku mitaani. Si kila Mhindi ni Mhindu. Wahindi wengi wa pwani yetu ni Waislamu, wakiwemo Mabohora, Maismailia na Ithnaasheri. Wagoa ni Wakatoliki. Masingasinga wana dini yao. Wahindu, ambao wazee wa pwani waliwaita Mabaniani, ni sehemu tu ya jamii hiyo. Nao hawana nabii mmoja, kitabu kimoja wala shahada moja ya imani. Wako wanaomwelekea Vishnu, au Rama na Krishna ambao ni kushuka kwake duniani. Wako wa Shiva. Wako wanaomwita Mungu Mama, kwa majina ya Durga, Kali na mengine mengi. Ndani ya nyumba moja bibi anaweza kuwa mja wa Krishna, mkwewe mja wa Shiva, na kijana akawa na picha ya Hanumani, mtumishi wa Rama mwenye sura ya nyani, kwenye gari lake, wala pasiwe na ugomvi. Kila mmoja ana ishta-devata, sura ya Mungu ambayo moyo wake umeipenda. Mja wa Krishna atakwambia Krishna ndiye asili ya vyote. Mja wa Shiva atasema hayo hayo kuhusu Shiva. Wanazuoni wao wamebishana juu ya hilo kwa karne nyingi, na kwa ukali, lakini mja wa kawaida hahitaji kusubiri ubishi uishe ndipo aanze kupenda.

Mapenzi hayo yanaitwa bhakti, na ndiyo njia ya dini ya Wahindu walio wengi. Zipo njia nyingine, ya elimu ya siri za nafsi na ya nidhamu ya mwili, lakini umati unaouona hekaluni, mtoni na barabarani ni wa bhakti.

Sasa tuje kwenye sanamu, maana hapo ndipo penye uzito.

Mchongaji akimaliza kazi yake, kilichopo mbele yake ni jiwe, na Mhindu yeyote atakubaliana nawe juu ya hilo. Hufuata prana-pratishtha, ibada ya kuitia uhai, ambayo huweza kuchukua siku kadhaa za kusoma mantra, maneno matakatifu ya ibada, na mwishoni macho ya sanamu hufunguliwa. Kuanzia hapo ni murti: Mungu ameombwa akae pale, naye amekubali. Walimu wa Kitamil wa madhehebu ya Vishnu walilichimba jambo hili kwa kina. Mmoja wao, Pillai Lokacharya, aliyefundisha katika mji wa Srirangam, kusini mwa India, yapata karne ya 13, alisema kwamba katika sura hiyo ya hekaluni Mungu ajuaye yote anakaa kama asiyejua, mwenye uwezo wote anakaa kama asiyejiweza, na asiyehitaji kitu anakaa kama mhitaji. Amejikabidhi mikononi mwa waja wake ili wapate namna ya kumpenda kwa vitendo.

Kwangu hili ndilo jambo la kushika katika mada nzima. Kwa mja wa bhakti, swali kwamba Mungu hana haja ya maziwa wala maua halina nguvu, kwa sababu yeye ndiye wa kwanza kukubali kwamba Mungu hana haja. Anachosema ni kwamba Mungu, kwa huruma yake, amekubali kuwa na haja. Unaweza kulikataa dai hilo. Dini nyingi, za kwetu zikiwemo, zinalikataa. Lakini ukilikataa, ujue unakataa nini.

Kutokana na hilo, ibada inakuwa huduma. Puja iliyokamilika ina huduma 16, na ukizifuata kwa utaratibu wake utagundua kwamba unazijua, kwa kuwa ndizo za kumpokea mgeni mtukufu. Anakaribishwa. Anapewa kiti. Analetewa maji ya miguu, maji ya mikono, maji ya kinywa. Anaogeshwa, mara nyingi kwa maziwa, mtindi, samli, asali na sukari kabla ya maji safi. Anavishwa nguo na uzi mtakatifu. Anapakwa liwa ya msandali. Anapewa maua, anafukiziwa ubani na udi, anawashiwa taa ya samli. Chakula kinaandaliwa mbele yake, na baada ya chakula inafuata tambuu. Kisha watu wanamzunguka, mkono wa kulia ukiwa upande wake, na wanamsujudia. Msomaji wa Lamu au Unguja hahitaji kuelezwa liwa ni nini, wala udi, wala tambuu. Vitu hivyo vimesafiri kwenye bahari moja kwa mamia ya miaka, vikatumika msibani, harusini na ibadani pande zote mbili.

Huduma hiyo ina saa zake. Alfajiri Mungu anaamshwa kwa nyimbo, mchana anapumzika, usiku analazwa. Ukifika hekaluni saa saba au saa nane mchana ukakuta pazia limefungwa, hakuna aliyekufukuza. Ni wakati wa mapumziko.

Na wale wanaokaa kwenye foleni kwa saa nyingi wanafuata nini? Wanafuata darshani, kumwona Mungu na kuonwa naye. Kuonwa ndiyo nusu muhimu zaidi, na ndiyo sababu macho ya murti huchorwa makubwa na hupewa nafasi ya mwisho mchongaji anapomaliza. Pazia linafunguliwa, kengele zinagongwa kwa nguvu, kuhani anazungusha taa mbele ya uso wa Mungu ili kila sehemu yake ionekane. Ibada hiyo ya taa ni arati. Taa ikiisha kuzungushwa inapitishwa kwa watu: kila mtu anaweka viganja juu ya mwali, anavipeleka usoni na kichwani. Hapana hotuba. Si lazima kuomba chochote. Wengine wanaomba, bila shaka, mtihani, mtoto, deni; wengine wanatazama tu, wanatoka wametosheka.

Chakula nacho kina safari yake. Kwa desturi mpishi haonji, kwa sababu wa kwanza kuonja ni Mungu. Kikishatolewa kinarudi kwa watu kikiwa prasadi, yaani fadhila, na hakikataliwi wala hakitupwi. Katika Bhagavad Gita, mojawapo ya maandiko yao mashuhuri, Krishna anasema kwamba anayemtolea jani, ua, tunda au maji kwa mapenzi, yeye anapokea. Mstari huo mmoja umefungua mlango kwa maskini wengi mno, kwa kuwa jani na maji hayamshindi mtu.

Mahali pa kuliona hili lote kwa ukubwa wake ni Puri, mji wa pwani katika jimbo la Odisha, mashariki mwa India. Hekalu la Jagannath, ambalo ujenzi wake ulianza karne ya 12, lina murti zisizofanana na nyingine zozote: ni za mti wa mwarobaini, zina macho makubwa ya duara na mikono isiyo na viganja. Jagannath, ambaye kwa waja wake ni Krishna, anakaa na kaka yake Balabhadra na dada yao Subhadra. Kila mwaka, mwezi mpevu wa kabla ya mvua, watatu hao hutolewa nje na kuogeshwa kwa mitungi 108 ya maji mbele ya watu wote. Baada ya kuoga hivyo, wanaugua homa.

Ndivyo ilivyo. Kwa takriban siku 15 mlango unafungwa, hakuna darshani. Mungu ni mgonjwa. Wahudumu maalumu, ambao nasaba yao inahesabiwa kutoka kwa mkuu wa msituni aliyemwabudu Jagannath kabla ya hekalu kujengwa, wanamwangalia, wanampa matunda na dawa za mizizi badala ya karamu za kila siku. Rangi zilizochujuka zinapakwa upya katika siku hizo hizo, na mtu wa hesabu kali atasema ugonjwa ni jina tu la matengenezo. Mimi sioni kwamba maelezo hayo mawili yanapingana. Watu wa Puri wanajua kwamba rangi hupakwa. Wanajua pia namna ya kukaa nyumbani na wasiwasi wa mgonjwa.

Anapopona, anatoka tena kwa matembezi. Magari matatu makubwa ya mbao hujengwa upya kila mwaka: la Jagannath lina magurudumu 16, la Balabhadra 14, la Subhadra 12. Kabla hayajaondoka, Gajapati, mrithi wa ufalme wa Puri, anapanda kwenye kila gari na kulifagia kwa ufagio wenye mpini wa dhahabu, akiwa mfagiaji wa Mungu mbele ya raia wake. Kisha maelfu ya watu wanashika kamba na kuyavuta magari kama kilomita tatu hadi hekalu la Gundicha, ambako wanakaa siku chache kabla ya kurudi. Hekalu lenyewe haliwaruhusu wasio Wahindu kuingia, na kwa karne nyingi Wahindu wa tabaka za chini, yaani madaraja ambayo mtu huzaliwa nayo, nao walizuiwa. Barabarani hakuna mlango. Yeyote aliyeko pale anamwona, na anaonwa.

Katika barabara hiyo kuna kaburi la Muislamu. Salabega, mshairi wa karne ya 17, alizaliwa na baba Muislamu aliyekuwa afisa wa dola ya Mughal, iliyotawala India wakati huo, na mama Mhindu, akampenda Jagannath ingawa yeye mwenyewe hakuweza kuingia hekaluni kwake. Mapokeo yanasema kwamba mwaka mmoja alikuwa mbali, akaugua njiani, akamwomba Mungu amsubiri. Na gari lilikwama, halikuvutika mpaka alipofika. Hadi leo gari la Jagannath husimama kidogo karibu na kaburi lake, na nyimbo zake huimbwa Odisha nzima.

Jikoni kwa Puri panastahili maneno mawili zaidi. Chakula hupikwa kwa vyungu vya udongo juu ya moto wa kuni, vyungu vikiwa vimepandishwa kimoja juu ya kingine, na chungu kikitumika mara moja hakirudiwi. Kikishatolewa kwa Mungu kinauzwa ndani ya ua wa hekalu, mahali panapoitwa Ananda Bazaar, na hapo kwa desturi Brahmini, mtu wa tabaka la juu la makuhani, na mtu wa tabaka la chini wanaweza kula kutoka chombo kimoja. Katika nchi ambayo kwa muda mrefu nani ale na nani lilikuwa jambo la kufa na kupona, hilo si dogo.

Jambo jingine huwashangaza wageni: murti nyingine hufanywa kwa ajili ya kuagwa. Wakati wa sikukuu ya Ganesha, Mungu mwenye kichwa cha tembo, murti ya udongo huletwa nyumbani, hualikwa kwa mantra, huhudumiwa kwa siku moja na nusu, tano au 10, kisha hupelekwa baharini au mtoni kwa ngoma na kuzamishwa. Mgeni ameondoka, udongo umerudi majini. Sikukuu hiyo ilikuwa zaidi ya majumbani hadi mpigania uhuru Bal Gangadhar Tilak alipoisukuma hadharani huko Maharashtra kuanzia 1893, akitafuta namna ya kuwakusanya watu chini ya utawala wa Kiingereza. Siku hizi tatizo ni plasta na rangi za viwandani zinazochafua maji, na familia nyingi zimerudi kwenye udongo wa asili.

Bhakti hii ya kulia na kuimba haikutoka katika maandiko ya Kisanskriti pekee. Ilipata sauti yake ya kwanza kubwa katika Kitamil, kati ya karne ya 6 na ya 9 hivi, kwa washairi waliotembea kijiji hadi kijiji: Alvar 12 wa Vishnu na Nayanar 63 wa Shiva. Mmoja wa Alvar ni msichana, Andal, aliyekataa kuolewa na mwanadamu kwa kuwa ameshampenda Vishnu. Beti zake 30 huimbwa alfajiri kila mwaka katika mwezi wa Kitamil unaoanza katikati ya Desemba. Miongoni mwa Nayanar yumo Kannappar, mwindaji, aliyemletea Shiva nyama aliyoionja kwanza ili ampe vipande vitamu, jambo ambalo kwa sheria za puja ni uchafu mtupu. Hadithi inasema Shiva aliipokea. Baadaye jicho la sanamu lilipoanza kutoka damu, Kannappar aling'oa la kwake na kuliweka pale. La pili lilipotoka damu, alikanyaga mahali pake kwa mguu ili asipotee akishakuwa kipofu, akaanza kung'oa na la pili, ndipo Shiva akamshika mkono.

Kutoka kusini wimbi hilo lilipanda kaskazini kwa karne nyingi, lugha baada ya lugha. Naomba tukae kidogo Pandharpur, jimboni Maharashtra, kwa sababu pale uzuri wa bhakti na aibu yake vimesimama mlango mmoja.

Mungu wa Pandharpur ni Vitthala. Amesimama juu ya tofali, mikono kiunoni. Mapokeo yanasema alikuja kumtembelea kijana aitwaye Pundalika, akamkuta anawahudumia wazazi wake. Pundalika hakuacha kazi. Alimtupia mgeni tofali asimamie mbali na tope na kumwambia angoje. Vitthala alipendezwa na huduma ile, akangoja, na anangoja mpaka leo. Waja wake, Wavarkari, wanamfuata kwa miguu kila mwaka. Kutoka Alandi hubebwa nyayo za fedha za Dnyaneshwar, mshairi wa karne ya 13. Kutoka Dehu hubebwa za Tukaram wa karne ya 17. Safari ya kutoka Alandi ni kama kilomita 250 na huchukua karibu wiki tatu, ili kufika siku ya 11 ya mwezi mchanga wa Ashadha, kati ya Juni na Julai. Ni mamia ya maelfu ya watu, wengi wakiwa wakulima waliokwisha kupanda mbegu na kuikabidhi mvua. Wanaume wanapiga matoazi na kuimba, wanawake wamebeba kichwani vyungu vya mrehani mtakatifu, tulasi. Mvarkari akikutana na Mvarkari mwenzake, kila mmoja huinama kugusa miguu ya mwingine bila kuuliza tabaka, na huitana mauli, mama.

Nyimbo wanazoimba zilitungwa na watu wa kazi. Namdev alikuwa fundi cherehani. Gora alikuwa mfinyanzi, Savata mkulima wa bustani. Janabai alikuwa mtumishi wa ndani nyumbani kwa Namdev, na nyimbo zake zinamweleza Vitthala akija kusaga nafaka pamoja naye, akifagia, akibeba kinyesi cha ng'ombe. Mungu anayekubali kuhudumiwa, kwa Janabai, anakubali pia kuhudumu.

Na Chokhamela alikuwa Mmahar, mtu wa jamii iliyoitwa najisi. Alimpenda Vitthala kuliko wengi na hakuruhusiwa kuingia kumwona. Aliimba nje. Alikufa ukuta ulipomwangukia akiwa kibarua, na Namdev, kwa mujibu wa mapokeo, aliitambua mifupa yake kwenye kifusi kwa sababu ilikuwa ikitamka jina la Vitthala. Ikazikwa mbele ya ngazi za hekalu. Watu walilitukuza kaburi lake, wakaimba nyimbo zake, na kwa karne sita wakaendelea kuwafungia jamaa zake mlango. Ulifunguliwa Mei 1947, baada ya mwalimu na mpigania uhuru Sane Guruji kufunga bila kula mpaka wasimamizi wakubali.

Sitaki kulipita hili haraka. Wako wanaosema bhakti ilivunja tabaka. Iliwapa watu wa chini sauti, lugha na heshima ambazo hakuna aliyewapa kabla. Lakini kuimba pamoja barabarani hakukuwazuia watu kutengana kisimani. B. R. Ambedkar, mwanasheria na mtetezi wa watu wa tabaka za chini, naye Mmahar, alikitabaruku kitabu chake cha 1948 kuhusu watu walioitwa najisi kwa kumbukumbu ya watakatifu watatu, Chokhamela akiwa mmoja wao. Miaka minane baadaye, Oktoba 1956 huko Nagpur, aliuacha Uhindu na kuingia Ubudha pamoja na laki kadhaa za watu wake. Anayeisifia bhakti aibebe na hiyo.

Ndani ya bhakti kuna pia mjadala wa neema, na Mkristo au Muislamu atausikia kama wa nyumbani kwao. Wafuasi wa Ramanuja, mwalimu mkuu wa madhehebu ya Vishnu, kule Tamil Nadu waligawanyika pande mbili. Upande wa kaskazini ulisema mtu ni kama mtoto wa nyani: mama ndiye anayeruka, lakini mtoto lazima ashikilie. Upande wa kusini, wa Pillai Lokacharya tuliyemtaja, ulisema mtu ni kama mtoto wa paka: mama anamng'ata shingoni na kumbeba, naye hafanyi lolote. Hadi leo unaweza kuwatofautisha kwa alama ya paji la uso, ya herufi U kwa wa kaskazini na ya Y kwa wa kusini, na wamewahi kushtakiana mahakamani juu ya alama ipi ichorwe kwenye tembo wa hekalu.

Wako wanaompenda Mungu kama bwana wao, wengine kama rafiki, wengine kama mchumba, ndivyo alivyokuwa Mirabai, binti wa kifalme wa Rajasthan. Wengine wanampenda kama mtoto wao. Njia ya mwalimu Vallabha, aliyefariki 1531, humhudumia Krishna mdogo: wanamchezesha, wanamvisha nguo za joto wakati wa baridi, wanampikia vitamu. Wafanyabiashara wa Kibhatia, jamii ya Wahindu kutoka Kachi, magharibi mwa India, walioshika forodha ya Unguja katika karne ya 19, walitoka katika jamii iliyoifuata njia hiyo.

Lakini wako Wahindu wasiotaka murti kabisa. Kabir, mfumaji wa Varanasi wa karne ya 15, aliyelelewa katika nyumba ya Waislamu, aliwakemea mashehe na makuhani kwa sauti moja na kumwimba Mungu asiye na umbo. Mapenzi ni yale yale, umbo ndilo halipo. Mwaka 1875, Bombay, Dayananda Saraswati alianzisha Arya Samaj, akifundisha kwamba Veda, maandiko ya kale kabisa ya Uhindu, hazijui sanamu. Ibada yao ni moto: samli na mitishamba humiminwa kwenye tanuru dogo huku mantra zikisomwa. Wahamiaji waliileta Nairobi mwaka 1903, wakati mji wenyewe una miaka michache tu. Kwa hiyo mtu anayesema "Wahindu wote wanaabudu sanamu" anapingwa na Wahindu wa Nairobi kwa zaidi ya karne sasa. Mji huo huo tangu 1999 una hekalu la madhehebu ya Swaminarayan la mawe yaliyochongwa India na kuunganishwa hapa, ambako murti zinaamshwa na kulazwa kila siku.

Sehemu kubwa ya bhakti hata hivyo haionekani hekaluni. Iko jikoni na kwenye kona ya nyumba: rafu yenye picha na murti ndogo, taa ya samli asubuhi na jioni, shanga 108 za kuhesabia jina la Mungu, mrehani uani unaomwagiwa maji. Iko kwenye funga ya siku ya 11 ya kila nusu ya mwezi, ambapo wengi hawali nafaka. Iko kwenye nadhiri. Huko Tirumala, kusini mwa India, kwenye hekalu la Venkateshwara, sura mojawapo ya Vishnu, watu huja kunyoa nywele zao kutimiza nadhiri, na sadaka zao huingia kwenye hadithi ya mkopo: inasemwa Mungu huyo alimkopa Kubera, mwenye hazina, ili agharamie harusi yake, na waja wanamsaidia kulipa hadi leo. Hekalu hilo ni tajiri mno. Wapo Wahindu wanaouliza, kwa haki, utajiri huo unaenda wapi.

Kwa anayeishi Dar es Salaam, Mombasa au Kampala, hekalu haliko mbali. Kisutu peke yake, katikati ya Dar es Salaam, mtaa mmoja una zaidi ya hekalu moja. Wakati mzuri wa kwenda ni arati ya jioni, au siku inayofuata Diwali, sikukuu ya taa, iitwayo annakut, ambapo vyakula visivyo na nyama hupangwa kwa ngazi mbele ya murti kama kilima, kukumbuka mlima Govardhana ambao Krishna aliuinua kuwakinga wachungaji na mvua. Mahekalu mengi ya Afrika Mashariki hupokea wageni. Vua viatu, vaa nguo ya heshima, usipige picha bila kuuliza, usilazimike kusujudu. Ukipewa prasadi, ipokee kwa mkono wa kulia. Kama imani yako haikuruhusu kula kilichotolewa mbele ya murti, sema hivyo kwa adabu, wamezoea. Kisha muulize mzee yeyote aliyeketi pale kwa nini leo Mungu amevishwa nguo ya rangi ile, na ukae, maana jibu halitakuwa fupi.